Kanuni ya Tisa na Bunduki ya Mzee Tauno

CHAMA CHA WAWINDAJI CHA HOIKKAVAARA

KUMBUKUMBU ZA KIKAO CHA VULI KILICHOFANYIKA JUMAPILI, TAREHE 24 SEPTEMBA 2023, KATIKA ILIYOKUWA SHULE YA MSINGI HOIKKAVAARA, CHUMBA CHA DARASA LA KWANZA NA LA PILI, KUANZIA SAA SABA MCHANA

WALIOHUDHURIA

1. Bw. Urpo Kemppainen – Mwenyekiti na kiongozi wa msafara wa kuwinda hirvi, yule kulungu mkubwa wa misitu ya kaskazini
2. Bi. Raili Huotari – Mweka Hazina na mwenye mbwa
3. Bw. Tauno Moilanen – Mjumbe
4. Bw. Ilpo Leinonen – Mjumbe (kwa simu kutoka Vantaa, mjini huko kusini, kwa kadiri mtandao ulivyopenda)
5. Bw. Ahti Juntunen – Katibu

WASIOHUDHURIA KWA UDHURU

1. Bw. Pentti Tervonen – amehamia Uswidi kwa binti yake. Alituma kadi yenye picha ya meli na salamu kwa mbwa.
2. Bw. Oiva Karppinen – alifariki mwezi Machi. Katibu alimpelekea barua ya mwaliko kwa mazoea, na anamwomba radhi dada wa marehemu aliyeifungua.

WASIOHUDHURIA BILA UDHURU

Hakuna. Wamebaki wachache mno kwa mtu kukosekana pasipo kujulikana.

KUMB. NA. 1/2023: KUFUNGUA KIKAO

Mwenyekiti alifungua kikao kwa kugonga meza na kikombe cha kahawa, kwa kuwa nyundo ya mbao ilikwenda na Pentti Uswidi bila mtu kukusudia. Aliwashukuru wajumbe kwa kufika. Alieleza kwamba viti ni vilevile vya wanafunzi wa darasa la kwanza, na chama hakina mpango wa kununua vingine. Bi. Raili alisema si neno, ila magoti yake yamekaribiana na masikio, kwa hiyo watu waseme kwa sauti.

Akidi ilithibitishwa. Katibu alihesabu mara mbili.

KUMB. NA. 2/2023: KUMBUKUMBU ZA KIKAO KILICHOPITA

Kumbukumbu zilisomwa. Bi. Raili alilalamika kwamba kila palipotokea ugomvi Katibu ameandika "majadiliano yalifanyika".

"Ahti, mwaka jana watu walitupiana vikombe humu ndani. Majadiliano yapi hayo?"

Katibu alijitetea kwamba kilitupwa kikombe kimoja, na kilikuwa cha plastiki.

Iliamuliwa kwamba kuanzia kikao hiki maneno yaandikwe kama yalivyosemwa, isipokuwa msemaji akiomba yasiandikwe. Bi. Raili na Bw. Tauno walichaguliwa kuwa wakaguzi wa kumbukumbu hizi.

YATOKANAYO: Mwenyekiti aliuliza kama Katibu ametimiza agizo la kwenda kwenye mazoezi ya shabaha, baada ya kukipiga risasi kisiki msimu uliopita na kukitangaza redioni kuwa ni dume la hirvi. Katibu alijibu kwamba amekwenda na kwamba anaendelea vizuri. Bw. Ilpo aliuliza kwa simu kisiki kinaendeleaje. Simu ilikatika kabla hajajibiwa.

KUMB. NA. 3/2023: VIBALI NA VITUO VYA MSIMU HUU

Mwenyekiti alieleza kwamba chama kimepata vibali vya hirvi wakubwa wawili na ndama mmoja, na kwamba msafara utaanza Jumamosi ya pili ya Oktoba kama kawaida.

Kuhusu vituo, alisema msitu ni uleule ila watu wa kuukalia hawatoshi. Kituo cha Oiva hakina mtu. Cha Pentti hakina mtu. Kituo cha Jiwe hakina mtu, kama kilivyokuwa. Waliobaki ni Tauno kituo cha Daraja, Katibu kituo cha Kinamasi, Ilpo akija kituo cha Mnara, na Bi. Raili na mbwa wake wakimfukuza mnyama huko ndani. Mwenyekiti mwenyewe atakuwa barabarani na redio.

Bi. Raili alipendekeza kwamba asubuhi, Mwenyekiti anapoita vituo redioni ili kila mtu aitike, aite vile vyenye watu tu. "Unaita Jiwe, kimya. Unaita Jiwe tena, kimya. Mbwa wangu wanainua vichwa wanadhani kuna kitu. Urpo, pale hapana mtu tangu mimi sina mvi."

Mwenyekiti alijibu kwamba utaratibu wa kuita ni wake.

Pendekezo halikupata wa kuliunga mkono. Katibu alikuwa akimimina kahawa.

KUMB. NA. 4/2023: OMBI LA BW. TAUNO MOILANEN KUHUSU KANUNI YA 9

4.1 Katibu alisoma Kanuni ya 9 ya kanuni za chama: "Katika msafara wa hirvi hairuhusiwi bunduki inayojipakia yenyewe."

4.2 Bw. Tauno alipewa nafasi ya kueleza ombi lake. Alisimama, akakumbuka jinsi ilivyo kazi kukaa tena kwenye kiti kile, akaamua kubaki amesimama. Alieleza kwamba baada ya kiharusi cha majira ya baridi mkono wake wa kulia umerudi nusu. Kidole kinafyatua. Kiganja kinashika kijiko, kinashika usukani, na daktari amempa cheti cha kuendesha gari na cha kumiliki silaha. Lakini bega halikubali kukoki. Bunduki yake ya siku zote inataka mkono unyanyue, uvute, usukume, ulaze, na hayo yote haraka huku mnyama anakimbia.

"Risasi ya kwanza naweza. Ya pili siwezi. Na mtu asiyeweza kupiga ya pili hana haki ya kupiga ya kwanza, maana nani atammaliza mnyama aliyejeruhiwa?"

Kwa hiyo amenunua bunduki inayojipakia, ya kuwindia, si ya kijeshi. Asubuhi anaikoki mara moja tu, kwa mkono wa kushoto, kitako kikiwa kimebanwa gotini. Anaomba chama kimruhusu kuitumia.

4.3 Mwenyekiti alisema: "Katibu, mwambie Moilanen kwamba kanuni ni kanuni."

Kwa taarifa ya atakayesoma kumbukumbu hizi siku za mbele: Mwenyekiti na Bw. Tauno ni majirani, madirisha yao yanatazamana ng'ambo ya ziwa, na hawazungumzi ana kwa ana. Huzungumza redioni wakati wa msafara, kwa kuwa kazi inadai. Vikaoni huzungumza kupitia kwa Katibu. Utaratibu huu Katibu aliurithi kwa katibu aliyemtangulia, pamoja na birika.

Katibu alimwambia Bw. Tauno kwamba kanuni ni kanuni. Bw. Tauno alisema amesikia, yuko hatua mbili.

4.4 Simu ilipatikana tena. Bw. Ilpo alisema ameisoma sheria na haina shida: bunduki ya kuwindia inayojipakia inaruhusiwa nchini, mradi magazini isibebe zaidi ya risasi tatu.

"Mwenyekiti, nchi nzima wanawinda nazo. Huku kusini kila kijana anayo. Sisi tu ndio tumejifungia."

Mwenyekiti: "Huko kusini mna hirvi?"

Bw. Ilpo: "Wako, kwenye barabara kuu."

Mwenyekiti: "Basi wapigeni kwa magari yenu kama mlivyozoea. Sheria ya nchi inasema mtu akipenda anaweza. Haisemi Hoikkavaara lazima tupende."

Bw. Tauno aliiweka magazini mezani ili ikaguliwe. Ilikuwa tupu, ya risasi tatu, na haina nafasi ya nne. Katibu alithibitisha. Bi. Raili naye alithibitisha, kwa kuwa Katibu ana historia ya kuona visivyokuwapo.

4.5 Mwenyekiti alieleza kwamba chama hakimtupi mtu. Alipendekeza Bw. Tauno apewe wadhifa wa heshima wa kulinda moto na kupika kahawa ya msafara kambini, na mgao wake wa nyama ubaki kamili.

Katibu alianza kuufikisha ujumbe. Bw. Tauno alimkatiza.

"Ahti, pumzika kidogo. Kahawa napika kila siku. Natoa vikombe viwili kabatini, nakumbuka, narudisha kimoja. Nyama nayo nitampikia nani? Sikuombi nyama mimi. Naomba kituo. Mwaka mzima wanaonipigia simu ni wauza madirisha tu. Nikikaa Daraja pale, alfajiri, redio inaniita jina la kituo changu, naitika, najua kuna mtu anataka kujua kama nimefika. Ni hivyo tu. Kwangu hakuna kinachojipakia chenyewe wala kinachojipakulia chenyewe, ila hiyo bunduki. Na hiyo ndiyo mnanikataza."

Bi. Raili alikata mkate wa iliki ingawa ulikuwa umeshakatwa.

4.6 Bi. Raili aliomba jambo moja liwekwe wazi mezani, kwa kuwa wote wanalizunguka. Alisema Kanuni ya 9 haikutungwa kwa sababu ya kisiki. Ilitungwa vuli ya mwaka 1988, wiki ile ile alipozikwa Eelis Kemppainen, mdogo wake Mwenyekiti. Eelis alikuwa kituo cha Jiwe, akiwa na bunduki inayojipakia. Alipiga mara moja, mnyama akaanguka, akateremka ngazi ya jukwaa la kuvizia akiivuta bunduki nyuma yake. Bunduki ilikuwa imeshajipakia.

"Mimi sisemi umesahau, Urpo. Nasema tusijifanye tunajadili magazini."

Mwenyekiti alisema: "Andika hili, Katibu, na usiongeze lako. Bunduki ya kukoki ikishapiga, inakungoja. Ile haikungoji."

Imeandikwa.

4.7 Ilipigwa kura kwa kunyoosha mikono. Kubadili kanuni kunahitaji robo tatu ya kura zilizopigwa. Waliokubali: Bi. Raili, na Bw. Tauno kwa mkono wa kushoto. Aliyepinga: Mwenyekiti. Bw. Ilpo alisema kwa simu kwamba amenyoosha mikono yote miwili, lakini Mwenyekiti aliamua kwamba mkono usioonekana hauhesabiwi. Katibu hakunyoosha mkono kwa kuwa ulikuwa umeshika kalamu.

Matokeo: wawili dhidi ya mmoja. Robo tatu haikufikiwa. Ombi lilikataliwa.

Bi. Raili aliomba iandikwe kwamba kura moja zaidi ingetosha. "Yaani kalamu ndiyo imemnyima mzee kituo. Ahti, una miaka hamsini na minne, bado unaogopa mwalimu humu darasani?"

Imeandikwa. Katibu hana la kuongeza, isipokuwa kwamba kiti anachokalia ni kilekile alichokalia akiwa darasa la pili, na kweli kinamrudisha mtu nyuma.

KUMB. NA. 5/2023: REDIO

5.1 Ajenda hii ilihusu betri. Kabla haijaanza, Bw. Tauno aliitoa redio yake mfukoni, redio ya chama namba tatu, akaiweka mezani kando ya magazini, akachukua kofia.

5.2 Mwenyekiti alisema: "Katibu, muulize Moilanen mbona anarudisha redio. Kambini kwenye kahawa ataihitaji."

Katibu alifungua mdomo. Bw. Tauno alimjibu Mwenyekiti moja kwa moja, jambo ambalo Katibu hajawahi kuliona katika ukatibu wake.

"Kambini sitakuja, Urpo. Redio ni mali ya chama, na mimi nimemaliza. Lakini kabla sijatoka nitakwambia neno moja, maana nikitoka hapa hatutasema tena. Tumekuwa tunasema redioni tu, na redio ndiyo hiyo mezani."

Bw. Tauno aliendelea. Maneno yake yanaandikwa yote, kwa ridhaa yake mwenyewe kama mkaguzi.

"Siku ile mimi ndiye niliyefika Jiwe wa kwanza. Unajua. Na nilikuwa na redio kifuani. Ukaanza kuita. 'Jiwe? Jiwe?' Kisha ukaniita mimi, 'Daraja, unamwona Jiwe?' Nilikuwa nimepiga magoti pale, nakusikia. Uliita mpaka sauti yako ikabadilika. Sikujibu. Mama yenu alikuwa kambini jikoni, redio iko juu ya rafu, anapika anasikiliza. Ningejibuje, Urpo? Ningesema nini ambacho mama asingesikia? Nikaona bora nije kwa miguu, nikwambie usoni. Nikaja. Na wewe uliponiona ukaniuliza kitu kimoja tu, mbona sikuitika. Na tangu siku hiyo hujaniuliza kingine."

Alivaa kofia. Kwa sababu ya mkono, ilikaa upande.

5.3 Bi. Raili aliizima simu ya Bw. Ilpo, akisema atamweleza baadaye.

5.4 Mwenyekiti alizungumza kwa muda. Aliomba yasiandikwe. Hayakuandikwa.

5.5 Baada ya hayo Mwenyekiti alikwenda ubaoni, akasimama akiwapa wajumbe mgongo, akisoma mistari ya muziki ambayo mwalimu wa mwisho hakuifuta shule ilipofungwa. Bi. Raili aliongeza kuni kwenye jiko. Bw. Tauno alikaa, hatimaye, na kiti kililalamika. Katibu alikunywa kahawa ya watu wawili bila kutambua.

KUMB. NA. 6/2023: KURUDIWA KWA KUMB. NA. 4

6.1 Mwenyekiti alirudi mezani, akatangaza kwamba Kumb. Na. 4 inafunguliwa upya. Katibu aliuliza kama utaratibu unaruhusu. Mwenyekiti alisema utaratibu uko mikononi mwake kwa sasa, na kama Katibu anataka kuushika aweke kalamu chini kwanza.

6.2 Mwenyekiti alipendekeza Kanuni ya 9 isomeke hivi: bunduki inayojipakia yenyewe inaruhusiwa kwa mjumbe ambaye mwili wake haumruhusu kukoki, magazini isizidi risasi tatu kama sheria isemavyo, kwa masharti yafuatayo.

Sharti la kwanza: mjumbe huyo asikae kituo chenye ngazi.

Sharti la pili: akishapiga, asiinue hata mguu kabla ya kutoa magazini, kufungua chemba na kuiacha wazi, na kutamka redioni neno "tupu". Mpaka hilo neno lisikike, si yeye wala mwingine yeyote atakayesogea.

Mwenyekiti alifafanua: "Kama bunduki haitaki kungoja, basi mtu ndiye atakayengoja."

Bi. Raili aliuliza kama mbwa nao watangoja. Mwenyekiti alimwambia huo ni mzigo wake.

6.3 Kuhusu sharti la kwanza, Katibu alikumbusha kwamba Daraja ni kituo cha ngazi. Kadhalika Mnara, Kinamasi, na vile vya Oiva na Pentti. Bila ngazi kipo kimoja tu, ambapo jukwaa lilibomolewa vuli ile ile ya 1988 na halikujengwa tena. Pale mtu hukaa chini, mgongo kwenye mwamba, na gari linafika karibu.

Katibu hakukitaja kwa jina.

Mwenyekiti alisema: "Ndiyo. Jiwe."

Kisha akamgeukia Bw. Tauno. Katibu aliinua kichwa tayari kupokea ujumbe na kuupitisha, akagundua kwamba hatazamwi.

"Utaweza kukaa pale, Tauno?"

Bw. Tauno alisema: "Nimewahi kukaa pale."

"Najua. Nauliza kama utaweza."

"Mgongo utauma. Mwamba ule ni baridi."

"Nitakuletea ngozi ya poro, ile yenye manyoya mazito, ukalie. Ninazo mbili, moja haina mtu."

"Basi nitaweza."

6.4 Sharti la tatu, lililoongezwa na Mwenyekiti: "Nikimwita redioni, aitike. Hata kama hana la kusema. Hata kama lipo na halisemeki. Aitike tu kwamba yupo, halafu aje kwa miguu kama anataka."

Bw. Tauno alikubali sharti hilo. Aliongeza lake: kwamba Mwenyekiti naye akiona taa ng'ambo ya ziwa, avuke, kwa kuwa vikombe viko viwili. Mwenyekiti alisema hilo si la Kanuni ya 9. Bw. Tauno alisema anajua. Mwenyekiti alisema basi lisiingie kwenye kanuni, lakini Katibu anaweza kuliandika.

Limeandikwa.

6.5 Kura ilipigwa upya. Waliokubali: wote waliomo chumbani, Katibu akiwemo, aliyeweka kalamu chini na kunyoosha mkono juu kuliko ilivyohitajika. Bw. Ilpo alipigiwa simu tena ili aarifiwe. Alipoambiwa kwamba Mwenyekiti amekubali, aliuliza kama mzee anaumwa.

Kanuni ya 9 imebadilishwa kwa kauli moja.

KUMB. NA. 7/2023: MENGINEYO

7.1 Bi. Raili alitoa taarifa kwamba mbwa mkubwa, Tessu, amezeeka na msimu huu huenda ukawa wake wa mwisho. Mtoto wake ana pua nzuri, lakini hana adabu. Taarifa ilipokelewa.

7.2 Ilikumbushwa kwamba nyundo ya kikao idaiwe kwa Pentti kwa njia ya kadi. Katibu atafute yenye picha ya msitu, asije akadhani tuna meli.

7.3 Bi. Raili alisema bado kuna jambo la betri, ambalo ndilo lilikuwa ajenda. Iliamuliwa redio zijaribiwe papo hapo. Wajumbe walitoka uani. Kulikuwa na ukungu umeshuka kutoka ziwani, na upande wa pili wa uwanja wa shule haukuonekana. Bi. Raili alikwenda kwenye bembea, Katibu kwenye nyumba ya kuni, na Bw. Tauno, akiwa na redio namba tatu, alikwenda taratibu mpaka pale lilipokuwa goli la mpira, akamezwa na ukungu. Mwenyekiti alibaki kwenye ngazi za shule.

7.4 Mwenyekiti aliita vituo kwa mpangilio wa siku zote.

"Kinamasi?"

Katibu aliitika kwamba yupo.

"Mbwa?"

Bi. Raili aliitika kwamba yupo, na Tessu yupo garini, analala.

"Mnara?"

Hakuna aliyeitika, kwa kuwa Bw. Ilpo yuko Vantaa.

"Daraja?"

Hakuna aliyeitika. Kituo hicho sasa kiko wazi.

"Jiwe?"

Redio ilikwaruza kidogo. Katibu, akiwa nyuma ya kuni, aliisikia pumzi kabla ya sauti.

"Jiwe, nipo."

Baada ya hapo Mwenyekiti alipaswa kutangaza kwamba vituo vimekamilika. Hakutangaza. Wajumbe walingoja kwenye ukungu. Kisha redio zote ziliita tena.

"Jiwe?"

"Nipo, Urpo. Nipo hapa."

Katibu anaandika kwamba betri zote zinafanya kazi.

KUMB. NA. 8/2023: KUFUNGA

Mwenyekiti hakurudi chumbani kufunga kikao kwa kikombe. Alionekana akivuka uwanja kuelekea upande wa goli. Kwa hiyo Katibu anahesabu kwamba kikao kilifungwa saa kumi na dakika ishirini, kwa mujibu wa saa ya darasani, ambayo hubaki nyuma kidogo. Vikombe vilioshwa na Bi. Raili na Katibu.

Urpo Kemppainen (sahihi)
MWENYEKITI

Ahti Juntunen (sahihi)
KATIBU

Tumezikagua kumbukumbu hizi na kuziona zinalingana na yaliyosemwa, na yasiyoandikwa tunayakumbuka:

Raili Huotari (sahihi)

Tauno Moilanen (sahihi, kwa mkono wa kushoto, Mwenyekiti alishikilia karatasi)